Picha Zisizoingia Kwenye Filamu

Watu wakishajua kwamba natengeneza filamu za makala, swali la kwanza huwa lile lile: umetengeneza ngapi, na zimeonyeshwa wapi? Huwajibu, kwa kuwa mtu huuliza kwa nia njema. Lakini kadiri miaka inavyokwenda naona kazi yangu kubwa haimo ndani ya filamu. Imo kwenye mabaki: picha na sauti chungu nzima ambazo hazikupata nafasi. Mzee anataja majina ya miamba, mmoja baada ya mwingine. Mkutano wa wananchi, kuanzia dua ya kufungulia mpaka watu wanapogawiwa soda. Mama anasuka ukili huku akieleza jinsi samaki walivyoadimika. Filamu ya saa moja watu huitazama, huipigia makofi, kisha wakaenda zao kulala. Mabaki ndiyo yanayoniletea watu mlangoni kubisha hodi.

Nayaandikia mabaki hayo leo kwa sababu vijana wengi wa Pwani sasa wanashika kamera. Wanafundishwa mwanga, wanafundishwa sauti, wanafundishwa kuomba ufadhili. Hili la mabaki sijasikia mahali wanapofundishwa.

Mimi nilianzia kwenye harusi. Hapa Amu, yaani Lamu, sherehe ya wanawake ina mpiga video wake, na sharti awe mwanamke. Siku ya kupamba, bibi harusi amekalishwa juu ya jukwaa, hina imekolea mikononi, asumini kichwani. Wageni wamevua mabuibui, nywele wazi, dhahabu nje, wanaimba na kucheza bila ya kumchelea mtu. Kila kinachopita mbele ya kamera mle ndani ni siri ya nyumba. Dada aliyenifundisha kazi, mtu wa Langoni, alinipa kanuni moja ambayo haikuandikwa popote: ukishahariri, unamkabidhi mama wa bibi harusi kanda iliyohaririwa pamoja na ile asili, na wewe hubaki na kitu. Mama ndiye atakayeamua nani aonyeshwe na nani asionyeshwe. Nimeona kanda zikitiwa ndani ya kasha pamoja na hati ya shamba na vyeti vya kuzaliwa, na ufunguo ukafungwa kwenye pindo la leso.

Nilipoingia kwenye filamu za siasa na jamii nilikuta kanuni imepinduliwa juu chini. Huku anayepigwa picha hakabidhiwi chochote. Anatia sahihi karatasi ya Kiingereza inayosema kwamba picha yake ni mali ya kampuni, duniani kote, milele, kwa chombo chochote kilichopo na kitakachokuja kubuniwa. Mvuvi wa Kizingitini anaisaini akiwa amesimama, kalamu ya kuazima, mashua inamngoja na maji yanatoka.

Tarehe 2 Machi 2012 marais Mwai Kibaki na Salva Kiir, pamoja na waziri mkuu wa Ethiopia, Meles Zenawi, walikuja kuzindua ujenzi wa bandari kwenye ghuba ya Manda: gati 32, na kutoka hapo reli, barabara kuu na bomba la mafuta kuelekea Sudan Kusini na Ethiopia. Ndio mradi huu unaoitwa LAPSSET. Tangu siku ile wapiga filamu wa nje wakaanza kushuka Amu, na kila mmoja alihitaji mwenyeji. Nikawa fiksa.

Kazi ya fiksa haionekani kwenye filamu, na filamu nzima imeegemea juu yake. Wewe ndiye unayejua mzee gani asalimiwe kwanza, mlango gani ubishwe baada ya alasiri na upi uachwe mpaka baada ya isha, mashua ya nani ina injini isiyozima katikati ya mkondo, na maji yanajaa saa ngapi mpate kupita mfereji wa Mkanda bila ya kukwama. Wewe ndiye unayetafsiri Kibajuni kuwa Kiingereza papo hapo. Na wewe ndiye unayebaki mtaani mgeni akisharudi kwao, ukiulizwa njiani: ile picha iko wapi, na mbona mwanetu ameonyeshwa vile? Wahenga walisema mgeni njoo mwenyeji apone, na mimi nilipona, sikatai. Kamera yangu ya kwanza ya maana niliinunua kwa fedha za ufiksa.

Kulikuwa na kituo kimoja cha televisheni cha nje, jina nitaliacha, kilichokaa nasi majira ya kaskazi kabla mashine za kuchimba bahari hazijafika. Walipiga picha Mkanda kutwa, maji yakijaa na yakitoka, mikoko pande zote mbili, watu wa jarife na watu wa mshipi kila mmoja mahali pake. Kazi nzuri, siwanyimi haki yao. Kwenye filamu yao bahari ile ilionekana kwa muda wa kupepesa jicho. Miaka ikapita, chini ya bahari pakachimbwa, tope likasambaa, na wazee wa mtaa wakazitaka zile picha wapate kuonyesha pale mahali palikuwaje. Nikawaandikia wenye kituo. Jibu lilikuja na orodha ya bei, na bei ilihesabiwa kwa sekunde.

Bahari ni yao, sura ni zao, sauti ni zao, na ili wajione wenyewe walitakiwa walipe. Kutoka hapo nikaanza kupiga za kwangu.

Nilitoka na nahodha mmoja mzee wa Matondoni, nikamwomba kitu kimoja tu: anipeleke anapovua, na anieleze anapajuaje. Baharini hakuna kibao. Mvuvi wa kwetu hupajua mahali kwa alama za nchi kavu. Mbuyu fulani ukikaa sawasawa na ncha ya kilima cha mchanga, na upande wa pili mnara wa msikiti ukachomoza kwenye pengo la mikoko, mistari hiyo miwili ikikutana chini yako basi hapo ndipo penye mwamba wa changu. Ukisogea kidogo umeukosa. Alikuwa amesimama nyuma kwenye tezi, usukani ameubana kwa paja, mkono mmoja unaelekeza bara na mwingine unaelekeza kisiwani, na macho hayakutua kwangu wala kwenye kamera. Kila mahali pana jina. Pengine pameitwa kwa mtu aliyezama hapo, pengine kwa samaki wanaopatikana, pengine kwa jina alilolipokea kwa babake bila ya kujua lilianzia wapi. Jua lilipopanda nikamuuliza kama nizime kamera apumzike.

“Wata yende, mwanangu,” akaniambia, yaani niiache kamera iendelee. “Nisije nikafa nayo.”

Kwenye filamu niliyoitengeneza baadaye, sehemu ile haifiki dakika moja. Mhariri wa Nairobi aliniambia, na kwa upande wa filamu alisema kweli, kwamba mtazamaji wa mbali hawezi kukaa akasikiliza majina ya miamba asiyoijua. Sawa. Lakini itazame kesi ya bandari.

Wakazi wa Lamu walikwenda mahakamani mwaka ule ule wa 2012 kupinga namna mradi ulivyokuwa ukiendeshwa. Tarehe 30 Aprili 2018 Mahakama Kuu iliamua kwamba haki zao zilikiukwa: haki ya mazingira safi, haki ya kupewa habari, haki ya utamaduni wao na ya uvuvi wao wa jadi. Ikaamuru wavuvi wapatao 4,600 walipwe fidia ya shilingi bilioni 1.76. Uvuvi wa jadi umetambuliwa mahakamani kuwa haki, na hilo ni jambo kubwa ambalo kila mtoto wa Pwani angefaa kusomeshwa shuleni. Sasa jiulize haki kama hiyo imeandikwa wapi. Mwenye shamba ana hati, na kama hana hati ana mnazi aliopanda babu yake. Mvuvi ana alama alizozishika kichwani. Kama hakuna aliyemrekodi kwa ukamilifu, jina baada ya jina, siku anapozikwa na ushahidi umezikwa.

Fidia ikazungumzwa miaka, sehemu yake fedha na sehemu vifaa vya uvuvi. Gati la kwanza likafunguliwa tarehe 20 Mei 2021, rais akiwa Uhuru Kenyatta. Na mitaani ubishi ukawa ni huu: nani mvuvi, na alikuwa akivua wapi? Hapo ndipo ile kutwa yangu ya majina ya miamba ilipopata wenyewe. Vijana wa Matondoni walikuja nyumbani kuniomba nakala. Filamu walikwisha kuiona na hawakuitaka. Walitaka kukaa na wazee wao, wasikilize jina moja moja, na kuyatia kwenye ramani.

Kuna upande ambao filamu za siasa za kwetu huukosa karibu zote, nao ni wa wanawake. Mkutano wa bandari ukiitishwa, wanaohojiwa ni wanaume wa bahari. Lakini samaki akiadimika, wa kwanza kujua baada ya mvuvi ni mama karanga, yule anayengoja pwani na beseni lake anunue, akakaange, auze mtaani jioni, na fedha ile ndiyo karo na ndiyo unga. Mama mmoja alikubali kuzungumza nami kwa sharti kwamba uso wake usionekane. Nikampiga mikono. Kisu kimenolewa mpaka kimebaki uzi, anamchanja tafi pande mbili, chumvi, bizari, pilipili ya kutwanga, ndimu inakamuliwa kwa kiganja kizima. Kisha anawapanga ukingoni mwa karai, wakubwa nje, wadogo katikati. Huku akizungumza. Akanieleza kwamba hali ya bahari yeye huipima kwa mafuta: siku mafuta yanapobaki meupe karaini mpaka magharibi, ujue wavuvi wamerudi mikono mitupu. Nimeshasoma ripoti nyingi kuhusu uvuvi wa kaunti hii na sijakutana na kipimo kinachoeleweka upesi kama kile.

Mfadhili mmoja aliniandikia kwamba mtazamaji anahitaji sura ya kumpenda mtu. Nilikataa, na ile sehemu ikaingia na mikono yake vile vile. Mwanamke wa Amu akikwambia uso wangu hapana, hakuna la kujadiliana. Anayedhani sharti lile linaipunguzia filamu nguvu hajakaa na sauti ya mtu chumbani, peke yake, akaisikiliza mpaka mwisho.

Jambo jingine ni la makaa ya mawe. Wengi wenu mnakumbuka: mtambo wa umeme wa megawati 1,050 ulikusudiwa kujengwa Kwasasi, huku huku kwetu, mji wa kale ukiwa kwenye orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO tangu 2001. Leseni ya mazingira ilitolewa 2016. Watu wa Save Lamu, muungano wa vikundi vya wenyeji, na wenzao wakakata rufaa, na tarehe 26 Juni 2019 Jopo la Kitaifa la Mazingira likaifuta leseni ile. Kwenye maandamano tuliimba juu ya moshi na majivu, na tulikuwa na haki ya kuimba. Lakini uamuzi wenyewe uliegemea sana jambo ambalo halina picha ya kupendeza: kwamba wananchi hawakushirikishwa ipasavyo, hawakupewa habari za kutosha kuhusu mradi wakapata kusema ndiyo au la kwa kujua.

Fikiria, basi, kamera inafanya nini kwenye mkutano wa kushirikisha wananchi. Ya habari huja, humpiga mkubwa akizungumza, humpiga mzee mmoja mwenye kofia nzuri ya mkono, huondoka kabla ya maswali. Mimi huisimamisha ya kwangu pembeni mwa ukumbi, juu ya miguu yake mitatu, na siizimi. Ukija kutazama unaona saa mkutano ulipoitishwa na saa ulipoanza. Unasikia karatasi ziligawiwa kwa lugha gani. Unaona mama wa nyuma ameinua mkono muda mrefu mpaka ameuegemeza kwa mkono wa pili, na hakuitwa. Unasikia swali la mvuvi kuhusu maji ya moto ya mtambo yatamwagwa wapi, na unasikia likijibiwa kwa habari za ajira. Ni picha ya kuchosha, hakuna tamasha litakaloichukua, muziki haukubali. Na kwa maoni yangu hiyo ndiyo picha ya kisiasa kuliko zote nilizowahi kupiga, kwa sababu inabaki pale, mzima mzima, kwa yeyote atakayekuja kusema “watu walikubali”.

Sheria nayo ipo. Tunafanya kazi chini ya Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura ya 222, iliyotungwa 1962, kabla ya uhuru, na mpaka leo ndiyo inayokutaka uwe na leseni kabla ya kupiga filamu. Hapa kwetu kuna na usalama juu yake. Baada ya mashambulizi ya Mpeketoni ya Juni 2014, yaliyoua watu zaidi ya 60, kafyu iliwekwa, wavuvi wakazuiwa kuvua usiku, na mtu mwenye kamera kubwa alikuwa akitiliwa shaka na kila upande. Nilitembea na barua zangu zote ndani ya mfuko wa plastiki, na kabla ya kufungua mkoba nilimtafuta chifu. Wanaokuja na droni bila ya kumwambia mtu yeyote huwaachia wenyeji matatizo ambayo wao hawatakuwepo kuyaona.

Malindi nilikwenda Aprili 2023. Nimefikiri sana kama niandike habari hii, na naiandika kwa sababu vijana wa kazi yetu wananiuliza.

Miili ilikuwa ikifukuliwa msitu wa Shakahola, ya watu walioambiwa na mhubiri wao wafunge mpaka wafe ili wakutane na Yesu. Hatimaye idadi ilipita 400, na watoto walikuwa wengi. Nje ya chumba cha maiti cha hospitali, kamera zilikuwa nyingi kuliko viti. Nilimwona mwanamke aliyekuja kumtafuta dadake na watoto wa dadake. Kila aliposimama maiki zilimfuata, na kila maiki ilimuuliza swali lile lile: unajisikiaje? Akajibu ya kwanza. Akajibu ya pili. Ya tatu akajifunika uso kwa leso, na kamera zikasogea karibu zaidi.

Yangu sikuitoa mkobani. Nawaheshimu waandishi waliokesha pale na walioingia msituni. Bila yao nchi isingejua ukubwa wa jambo, na wengine wao mpaka leo hawalali vizuri. Lakini lazima tuseme pia kwamba kamera haikufika Shakahola ikiwa safi. Mahubiri yaliyowavuta watu kutoka kaunti za mbali yalisafiri kwa televisheni na kwa YouTube. Kuna mtu aliyeweka taa, kuna mtu aliyepima sauti, kuna mtu aliyehariri. Sisi wa kazi hii tukikaa kuzungumza maadili, tuanzie hapo.

Niliyoyafanya Malindi ni kukaa na watu. Nilichota maji, nilisaidia kujaza fomu, nilikuwa nikiwasomea watu matangazo waliyobandikiwa. Baba mmoja nilijuana naye hivyo. Machi 2024, miili ilipoanza kukabidhiwa jamaa baada ya vipimo vya DNA, alinipigia simu. Alikuwa anamzika binti yake, na ndugu zake wa bara hawakuweza kufika. Akaniomba nimpigie video ya mazishi.

“Ya kuonyesha wapi, baba?” nikamuuliza.

“Kwetu tu, mwanangu. Bibi yake aone alizikwa vizuri.”

Nikaipiga kama nilivyofundishwa kupiga harusi. Nikahariri usiku ule ule, asubuhi nikampa iliyohaririwa na asili yake pamoja na kadi yenyewe, na mimi sikubaki na kitu. Mtayarishaji mmoja rafiki yangu aliposikia alishika kichwa. Alikuwa akitafuta fedha za filamu ya Shakahola, na sehemu ile, alisema, ingekuwa moyo wake. Najua ingekuwa. Baba yule hakuniita nimtengenezee mtu filamu.

Kuna atakayeona napingana na nafsi yangu: huku nataka kila kitu kihifadhiwe, kule natoa mpaka kadi. Mimi sioni mgongano. Majina ya miamba ni mali ya mtaa, na mtaa umesema yabaki. Mazishi yale ni mali ya baba mmoja na mama yake mzee. Nani aseme kitu kibaki au kisibaki, hilo ndilo swali, na jawabu lake haliwezi kuwa ni mimi.

Fedha ndizo zinazoliharibu hili, wala si ubaya wa watu. Filamu ya makala yenye siasa ndani yake haipati mtangazaji wa biashara, kwa hiyo inategemea wafadhili. Hapa Kenya tulipata nafuu Docubox, mfuko wa kufadhili filamu za makala, ilipoanzishwa na Judy Kibinge, ambaye mwenyewe alitengeneza filamu kuhusu mauaji ya Wagalla ya Februari 1984 kule Wajir. Ni mtu aliyejua kutoka ndani inagharimu nini kukaa na manusura. Fedha nyingine zinatoka Ulaya na Marekani, nazo zina sura zake. Wanataka mhusika mkuu mmoja, aanze amevunjika na amalize amesimama. Mambo ya Amu hayakai hivyo. Kesi ya bandari ilikuwa ya watu wengi, walichoka kwa zamu na wakabebana kwa zamu, na ukimchomoa mmoja ukamfanya shujaa umewakosea waliobaki, na yeye pia umemtia matatani na jirani zake.

Siku hizi mkataba naandika na mimi. Karatasi ya ridhaa iwe ya Kiswahili na isomwe kwa sauti mbele ya mwenyewe, na kusomwa kwake kurekodiwe. Mtu aweze kujitoa mpaka siku filamu inapofungwa. Nakala kamili ya kila kilichopigwa ibaki Lamu, na wenyeji waitumie bure kwa mahakama, kwa shule na kwa mikutano yao. Filamu ionyeshwe hapa kabla ya kwingine kokote. Kazi kadhaa zimenipita kwa masharti haya, mojawapo kubwa sana, na mume wangu aliniunga mkono wakati ambao tungezihitaji kweli zile fedha. Namshukuru hadharani. Nyingine zilikubali, na waliokubali hawakupata hasara yoyote ninayoijua.

Kuhifadhi ni kazi yake yenyewe. Hewa ya huku haina huruma na vyombo: wakati wa kusi chumvi inatanda mpaka kwenye vitasa, kuvu inaota ndani ya lenzi kama haikutumiwa, diski inakufa bila ya kuaga, na umeme ukikatika ukarudi kwa kishindo unaweza kupoteza mwaka mzima. Tunatumia ndoo za plastiki zenye vifuniko vya kubana, ndani yake vifuko vya kufyonza unyevu ambavyo tunavikausha juani na kuvirudisha. Kila kitu kina nakala mbili, moja Amu na moja kwa jamaa zangu Malindi, maana moto uliwahi kuiramba mitaa ya makuti hapa na hauchagui nyumba. Na kuna daftari la karatasi, la mkono. Jina la anayezungumza, mahali, tarehe, upepo gani, maji yalikuwa makuu au mafu, nani wengine walikuwepo, na safu ya mwisho: nani wa kuombwa ruhusa yeye akishafariki. Safu ile watu hupenda kuijaza wenyewe. Wengine hutaja mtoto wa kike, hata kama wa kiume wapo.

Wasichana wawili wananisaidia sasa, mmoja wa Langoni na mmoja wa Faza. Wanasikiliza na kuandika neno kwa neno, Kiamu kikiwa Kiamu na Kibajuni kikiwa Kibajuni, bila ya kusanifisha. Wa Faza amegundua majina ya pepo na ya mikondo ambayo mimi nilipita nayo miaka bila ya kuyashika. Kazi hii wataifanya vizuri kuliko mimi, na nataka waikute imepangwa.

Tukionyesha filamu mtaani huwa wanaume nje na wanawake ndani ya ua, shuka jeupe ukutani. Watu hawanyamazi. Wanaitana, wanatajiana marehemu, wanabishana ile mashua ilikuwa ya nani. Mtu wa tamasha angeudhika. Mimi huweka kinasa sauti katikati ya ua, na maneno yale nayo yanaingia kwenye daftari.

Na wewe mwenye kanda nyumbani: VHS ya Maulidi, harusi ya miaka ya themanini, mkutano wa siasa wa wakati wa chama kimoja, kaseti ya bibi akisoma utendi. Usiitupe kwa sababu tu huna tena mashine ya kuichezea. Mashine tunayo, ya VHS, ya kaseti na ya zile kanda ndogo. Ilete, au tuite tuje. Tutaihamishia kwenye diski ukiwa umekaa hapo hapo unatazama, asili utarudi nayo nyumbani, na daftarini tutaandika vile utakavyotwambia: nani aone, nani asione, na mpaka lini.